Mvua zetu za Kusini zimehama tarehe: wana Mtwara na Lindi, tuandike tunayoyaona

Daftari la Baba (Tandahimba)

Wakubwa shikamooni, na wengine wote habari za mapambano.

Jana nimelowanishiwa korosho. Nilikuwa nimeanika magunia matatu na ushee uani, siku ya pili ya jua, zimeshaanza kulia kikavu ukizitikisa mkononi. Saa nane mchana nikateremka shamba la bondeni kuokota. Mvua ikanikuta huko huko, matone mazito, na mpaka nafika nyumbani jamvi lilikuwa limekaa ndani ya maji. Leo nimezipitia moja moja: maganda yameingia weusi pembeni. Nitazianika tena na zitakauka, lakini rangi haitarudi, na karani wa AMCOS, chama chetu cha ushirika, rangi anaijua kuliko mimi. Hizo tayari ni daraja la pili.

Ila kilichonifanya nifungue uzi si magunia matatu. Ni daftari. Marehemu baba alikuwa na daftari la kava gumu, na kila msimu aliandika mambo manne tu: mvua ya kwanza ya kupandia imenyesha lini, kiangazi cha katikati kimekuja lini, mvua imeisha lini, na korosho ya kwanza imeokotwa lini. Hakuwa na kipimo. Aliandika "imelowanisha mpaka kiwiko", maana alikuwa anazamisha mkono kwenye mchanga wa shamba kuona unyevu umefika wapi. Mpaka kiwiko, anapanda. Chini ya hapo, anasubiri hata kama jirani zake wote wameshatoka na majembe. Alipofariki nikaendelea mimi kwa mtindo ule ule.

Nikilifungua leo, kurasa zake za Oktoba zina neno moja linalojirudia: jua, jua, jua. Kwenye kurasa zangu mvua inaingia Oktoba mara kwa mara, korosho zikiwa chini ya mti. Halafu Desemba, mwezi ambao yeye alikuwa na mahindi ya magotini, mimi nina misimu niliyoandika "nimepanda, yamekufa, nimerudia". Ni daftari la nyumba moja na sitaki mtu alichukue kama utafiti. Lakini ni tarehe zilizoandikwa siku ile ile, hazikukumbukwa baadaye kwa uchungu, ndiyo maana nimeona nizilete hapa.

Kwanza tuelewane kuhusu mvua zetu zenyewe, kwa sababu kila mwaka redio ikitangaza vuli na masika watu wetu wengi wanasikiliza habari isiyo yao. Vuli na masika ni za Dar, Tanga, Unguja, Kilimanjaro na kanda ya Ziwa Victoria. Huku tuna msimu mmoja, Novemba mpaka Aprili, na TMA, yaani Mamlaka ya Hali ya Hewa, wanautolea utabiri wake peke yake pamoja na Ruvuma, Mbeya, Iringa na wenzao. Ukisikia "vuli itakuwa juu ya wastani", usikimbilie shamba la Tandahimba. Subiri utabiri wa Msimu.

Sababu yake ni mkanda wa mvua unaolifuata jua. Sisi tuko nyuzi 10 na kidogo kusini ya ikweta, kwa hiyo jua linatupita utosini mara mbili: karibu na Oktoba 20 likishuka kusini, na karibu na Februari 21 likirudi. Simamisha mti wima adhuhuri ya siku hizo, hautakuwa na kivuli. Mkanda wa mvua unalifuata kwa kuchelewa. Unatufikia Desemba; ikifika Januari na Februari unazama zaidi kusini kwenye Malawi na Msumbiji ya kati, kisha Machi na Aprili unatupitia tena ukirudi. Ndiyo maana tuna kile kiangazi kidogo cha mwisho wa Januari na Februari, ambacho wazee walikijua na kukipangia: mtama na mihogo vinakivumilia, mahindi yakikutwa yanatoa mbelewele yanakwisha. Kaskazi inavuma tangu Novemba hivi mpaka Machi na joto lake la kunata. Kusi inashika baada ya hapo, kavu na ya ubaridi, na ndipo mkorosho unapochipua na kutoa maua.

Na hapa kwenye mkorosho ndipo ninapotaka tukae. Mtu wa mbali akisikia mabadiliko ya tabianchi anafikiria ukame. Mkorosho una mizizi ya kwenda mbali, ukame hauutishi sana. Unachohitaji ni ratiba. Mvua iishe Mei ili machipukizi yatoke na ubaridi wa kusi. Maua yashike Julai na Agosti. Kisha jua kavu Septemba mpaka Novemba, korosho ikomae, idondoke, iokotwe, ianikwe. Mvua ikichelewa kuisha, machipukizi yanachelewa. Julai ikiwa na mawingu na umande mzito wa asubuhi, ugonjwa wa ubwiriunga unatanda kwenye maua kama umepepeta unga wa muhogo juu ya mti. Tunapuliza salfa alfajiri, upepo umetulia na umande bado upo ili ishike, na baada ya wiki mbili tunarudia. Sasa umepuliza alfajiri ya leo, kesho unanyeshewa na mchoo, ile mvua ndogo ya katikati ya kiangazi: salfa yote imeoshwa, na ile pesa ya mkopo imekwenda nayo. Ukinusurika hapo, Oktoba inakungoja na jamvi lako uani.

Kwa hiyo mvua ya mwaka mzima inaweza isipungue hata ndoo moja, na bado mkulima wa korosho akafilisika. Hili ndilo naomba lieleweke na wanaotupangia mambo. Kila mara tunaulizwa "mvua zimepungua?" Swali letu la Kusini ni "imekuja lini?"

Wanasayansi wanatuambia hewa ikiongezeka joto nyuzi moja inabeba mvuke zaidi kwa asilimia 7 hivi. Na upande wa magharibi wa Bahari ya Hindi, yaani hii yetu, umepata joto la zaidi ya nyuzi 1 ndani ya karne moja, kasi kubwa kuliko bahari nyingi za ukanda wa joto. Hewa yenye kubeba zaidi inakaa siku nyingi bila kuteremsha kitu, na ikiteremsha inamwaga yote kwa pamoja.

Ombi langu: andika wilaya yako, mwezi, na ulichokiona kwa macho yako. Wavuvi, mama zetu wa mwani, watu wa chumvi, wa Liwale na Nachingwea na ufuta wenu. Tukisema tu "hali ya hewa siku hizi imeharibika" hakuna atakayetusaidia. Tuseme wapi na lini.

Mama wa Mgao (Mtwara Vijijini)

Pole sana mwanangu kwa korosho. Mimi ni wa mwani, nimeanza kulima binti yangu wa kwanza akiwa mgongoni, leo ana watoto wawili.

Tunalima mwani wa aina mbili, spinosum na cottonii. Cottonii ndiyo yenye bei, na cottonii ndiyo inayokufa. Wakati wa bamvua maji yanatoka mbali, mchana, jua la kaskazi liko juu. Yale yanayobaki kwenye vidimbwi katikati ya mambo, vile vijiti vya kufungia kamba, yanakuwa ya moto, ukitia mguu unautoa. Mwani unakaa humo saa mbili tatu. Baada ya siku chache unaona ncha zimekuwa nyeupe, halafu shina linalainika, ukiishika kamba vipande vinakatika vyenyewe na kuondoka na maji. Unabaki na kamba tupu na vile vifungo vyake. Unaweza ukalala na shamba, asubuhi ukaamka huna.

Zamani ilikuwa hivyo Januari na Februari tu, tukaacha kupanda cottonii miezi hiyo na kungoja kusi iipoze bahari. Sasa joto linatangulia kuja na linachelewa kuondoka. Wenzetu wameanza kuipeleka maji ya kina ambako hakukauki. Huko panataka ngarawa na panataka kuogelea, na wengi wetu akina mama hatukufundishwa kuogelea. Mwandike na hilo. Kila anayekuja anatuambia "hamieni kina kirefu", hakuna aliyekuja kutufundisha kuogelea.

Chumvi ya Lindi

Lindi Manispaa, Oktoba. Mvua moja ya usiku kwenye jaruba lililokuwa limebakiza siku nne kukwangua, chumvi yote imerudi kuwa maji. Kwetu sisi mvua ya Desemba ni mapumziko, tunaijua. Ya Oktoba ni hasara tupu.

Mzee wa Mikindani

Nawasoma wanangu na nafurahi mnaandika. Lakini naomba tuwe na kiasi, tusiweke kila kitu kwenye kapu moja.

Aprili 1952 kimbunga kiliipiga Lindi, watu walikufa. Mama yangu alikisimulia mpaka uzee wake, mabati yaliyoruka na minazi iliyolala yote upande mmoja kama imepangwa. Mwaka ule hakuna aliyezungumza tabianchi. Kwa hiyo msiseme vimbunga vimeanza jana.

La pili, ufukwe. Kweli bahari inakula, hapa Mikindani na huko Msimbati nimeona minazi ikianguka mizizi ikiwa nje. Lakini niambieni, yale matumbawe yaliyokuwa yanavunja mawimbi yamekwenda wapi? Tumeyachimba wenyewe, tukayachoma tanuri, tukapaka nyumba chokaa. Mengine yamepigwa baruti na wavuvi miaka na miaka. Mikoko tumekata. Wimbi lililokuwa linafia mwambani sasa linafika mpaka mlangoni na nguvu zake zote.

Tuseme ya mbinguni na ya mikono yetu, yote mawili.

Daftari la Baba

Shikamoo mzee. Nakubali yote mawili, na la pili limenichoma.

Nitaongeza moja tu kuhusu matumbawe. Yale yaliyosalia baruti, joto linayapiga kwa njia nyingine. Mwaka 1998, baada ya El Nino kubwa, bahari ilichemka na matumbawe ya pwani hii yakageuka meupe, mengi yakafa. Imejirudia 2016, ikajirudia 2024. Tumbawe ni mnyama anayeishi na vijimea vya rangi ndani yake vinavyomlisha. Maji yakizidi joto anavitema, anabaki mweupe na njaa. Joto likipungua mapema anapona, likikaa wiki nyingi anakufa. Lililopigwa baruti halafu likababuliwa na joto halina pa kuanzia kupona. Hifadhi ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma ipo tangu 2000, na kwa maoni yangu kuilinda miamba ile na baruti ndiyo kazi ya tabianchi iliyo ndani ya uwezo wetu kabisa, haihitaji mkutano wa dunia.

Mama wa Mgao, la kuogelea nimeliandika kwenye daftari.

Kijana wa Shangani

Mnaongelea TMA kama wanajua. 2019 walitufungisha Mtwara nzima. Shule zimefungwa, ofisi zimefungwa, watu wamebeba magodoro kwenda sehemu za juu. Kimbunga hakikuja. Tangu siku ile mimi tangazo lao nalisikia tu, na mtaani kwetu tuko wengi.

Nahodha wa Msimbati

Mdogo wangu, kimbunga kilikuja. Hakikuja kwako.

Kenneth kiliingia nchi kavu jioni ya Aprili 25, 2019, Cabo Delgado, ng'ambo ya Ruvuma. Ni kimbunga chenye nguvu kuliko vyote vilivyowahi kurekodiwa kuingia Msumbiji, na kilikuja wiki sita tu baada ya kimbunga Idai kuuvunja mji wa Beira. Sisi wa Msimbati tuna ndugu upande ule, tumeoa na tumeolewa. Waliokuja baadaye walisimulia vijiji ambavyo hakikubaki kiambaza.

Sasa chukua ramani. Kutoka Mtwara mpaka pale kilipoingia ni kama nyuzi mbili. Nyuzi moja ni kilomita 111. Kitu chenye upana ule, kilichotoka Komoro kikitembea baharini, kukunja kidogo kaskazini ni jambo la saa chache. Ungekuwa wewe ndiye mtabiri, na watoto wa Shangani wako ufukweni, ungewaambia nini? Wakae?

Zamani tulikuwa tunasema sisi tumekaa salama, na kulikuwa na sababu. Kimbunga kinataka maji yenye nyuzi 26 na nusu au zaidi, na kinataka umbali kutoka ikweta ili kiweze kuzunguka. Sisi tuko pembezoni mwa eneo lake, na Madagaska imetukinga upande wa kusi. Ila tuhesabu: Kenneth Aprili 2019. Jobo Aprili 2021, kilikuja mpaka karibu na pwani yetu kikafifia. Hidaya Mei 2024, mwezi ambao sisi tunauhesabu kuwa msimu umefungwa. Chido Desemba 2024, kimekifumua kisiwa cha Mayotte tarehe 14 na kesho yake kikaingia Cabo Delgado. Sijasema vitakuwa vingi. Nasema vinatupitia karibu, na vinatukuta miezi ambayo hatuvitegemei.

Mimi siku hizi nasoma rangi za matangazo ya TMA. Angalizo, naangalia mwenyewe bahari na kuamua. Tahadhari, siendi nje ya mwamba. Tahadhari kubwa, navuta chombo juu na kukifunga, hata kama kuna samaki wanaruka mbele yangu. Nikifunga chombo mara tano na kimbunga kisije, nimepoteza siku tano za kuvua. Nisipofunga ile mara ya sita, sina chombo.

Kijana wa Shangani

Kaka hilo la ng'ambo sikulijua. Tuliambiwa tu "hatari imepita". Hakuna aliyerudi kutuelezea ilipita kwa nani.

Nahodha wa Msimbati

Hapo nakuunga mkono. Wangerudi na ramani mtaani wiki ile ile, leo ungekuwa unawaamini.

Dereva wa Kusini

Mimi niongelee Hidaya kwa upande wa barabara. Niko na lori la mizigo Dar kwenda Mtwara.

Mei 4, 2024 kilikuwa kimeshafifia kikifika Mafia, na watu wa Dar wakasema kimepita salama. Salama kwa Dar. Kilwa ilipata mvua ya Mei nzima na zaidi ndani ya siku moja. Barabara ikakatika Somanga, ikakatika Mikereng'ende, na sehemu nyingine huko mbele. Nilikuwa kwenye foleni. Unasimama ukingoni unaona lami imening'inia hewani, chini yake maji ya rangi ya chai ya maziwa yanakwenda na vipande vya kalavati. Nyuma yangu kulikuwa na basi lenye mama mjamzito na watoto wachanga. Ng'ambo ya pili kuna malori ya kutoka Mtwara yamesimama vile vile. Tukalala hapo, tukala biskuti na maji ya kununua bei mara tatu.

Wakubwa wanakumbuka kabla ya Daraja la Mkapa la Mto Rufiji kufunguliwa mwaka 2003, tulikuwa tunalala Ndundu kusubiri kivuko, na mvua zikianza Kusini inakatika miezi. Tulidhani hayo yamekwisha. Barabara ni moja. Ikikatika sehemu moja Kilwa, mafuta Mtwara yanapanda, dawa zinachelewa, na korosho hazitoki kama si za bandarini.

Mimi si mhandisi lakini nimepita pale kwa miaka. Kalavati zile zilipimwa kwa mvua za zamani. Mto uliokuwa unajaa kwa siku tatu sasa unajaa kwa usiku mmoja. Na kule juu miti inakatwa kwa mkaa na mashamba mapya ya ufuta, maji hayana kinachoyazuia. Kalavati likijengwa upya kwa kipimo kile kile, tutarudi kulala pale pale. Mwaka 2020 mwezi wa kwanza mafuriko yalivifunika vijiji huko Njinjo na Kipindimbi, watu wakaokolewa kwenye mapaa na kwenye miti. Ilitosha kutufundisha ukubwa wa maji yanayoteremka Kilwa.

Mwalimu wa Ruangwa

Nafundisha jiografia, naomba nijibu swali ambalo limeulizwa sana msimu huu mtaani: "Wamesema El Nino, kwa nini huku hakuna mvua?"

El Nino ni joto la bahari ya Pasifiki, mbali sana, lakini linasukuma hewa ya dunia nzima. Kwa Kenya na kaskazini mwa Tanzania kwa kawaida linaongeza mvua za vuli, hasa likiambatana na hali ya Bahari ya Hindi ambapo upande wetu unakuwa wa joto kuliko upande wa Indonesia. Kwa Zambia, Zimbabwe na Malawi linafanya kinyume, linaleta ukame. Msimu wa 2023/24 mmeona: wakati Dar na Rufiji wanaogelea, nchi hizo tatu zilitangaza janga la ukame.

Mpaka kati ya pande hizi mbili unapita karibu na nyuzi 10 kusini. Yaani juu ya vichwa vyetu. Kilwa inaweza kuangukia upande wa kaskazini na Masasi upande wa kusini, mwaka huo huo. Ndiyo maana neno "El Nino" peke yake halimsaidii mkulima wa Ruangwa kuamua chochote. Nawaambia wanafunzi wangu waende nyumbani wawaulize wazazi: mwaka 1997/98 hapa kwetu mvua ilikuwaje? Majibu yanatofautiana kijiji kwa kijiji, na yote yanaweza kuwa kweli.

Kwa hiyo namuunga mkono mleta uzi. Vituo vya kupimia mvua ni vichache na viko mbali. Mvua inanyesha Mandawa, Nachingwea haina habari. Kipimo si kitu cha gharama: kopo lenye kuta zilizonyooka, limefungwa kwenye nguzo mahali pa wazi mbali na mti na paa, na rula ya shule. Unasoma kila siku saa tatu asubuhi, unamwaga, unaandika, hata kama ni sifuri. Sifuri zina kazi kubwa, ndizo zinazoonyesha kiangazi cha katikati kimekuwa kirefu kiasi gani. Shuleni kwetu wanafunzi wa kidato cha pili wanafanya hivyo kwa zamu, na wakati wa likizo mlinzi wa shule ameshika kazi hiyo bila kuombwa mara mbili.

Bati la Newala

Hamjazungumza maji ya kunywa.

Newala tuko juu ya uwanda wa Makonde. Mchanga wetu unameza mvua yote, hakuna kijito kinachokaa juu. Maji yanatokea chini, kwenye miguu ya mlima. Bibi zetu waliteremka genge usiku wa manane na kupanda alfajiri na mtungi, na ule mradi wa maji wa Makonde, uliojengwa miaka ya 1950 kuyasukuma maji kutoka bondeni, mpaka leo ukikorofisha pampu mji mzima unajua.

Kwa hiyo tunakunywa bati. Mfereji, tangi la saruji chini ya ardhi, ndoo. Tangi la kwetu alilichimba babu kwa hesabu ya mvua za zamani: likijaa Aprili, mkitumia kwa adabu linawafikisha Novemba. Sasa mvua ikinyesha yote kwa siku chache, tangi linafurika, yanayozidi yanapotea mchangani, halafu kiangazi kinakuwa kirefu kuliko tangi. Ndiyo shida yenyewe. Maji yamenyesha, mengi, na Oktoba tunanunua dumu.

Tumeongeza tangi la pili kwa pesa ya korosho. Sasa mleta uzi anapoandika kwamba korosho zimelowa na daraja limeshuka, mimi nasoma kwamba kuna tangi halitajengwa.

Daftari la Baba

Asanteni sana. Nimenakili yote kwa mkono. Mwalimu, naomba picha ya hilo kopo na nguzo yake, kesho nitaweka la kwangu kando ya daftari. Kiwiko nitakiacha kiendelee pia, ili tuone kiwiko cha baba ni milimita ngapi.

Wa Nanyamba

Samahani kukatisha. Mleta uzi, uko Tandahimba? Huku Nanyamba wingu limetokea upande wa baharini, limeshaanza kumwaga, na upepo unalisukuma kuja kwenu. Kama umeanika, anua sasa.

Daftari la Baba

Naanua. Watoto wamekamata pembe za jamvi.

Daftari la Baba

Zimeingia zote ndani kavu, asante ndugu wa Nanyamba. Imenyesha kama nusu saa. Jirani zangu wawili wameshatoa mbegu za mahindi nje. Nimetoka kuzamisha mkono shambani: unyevu umeishia kifundo, chini yake mchanga ni mkavu na wa moto. Wa Tandahimba, msipande.